Tokyo kwenda Kyoto na mama mwenye goti: nilipie safari ya kundi au tupande treni wenyewe?

BintiPangani

Wakuu habari za mda huu. Naombeni mawazo, kichwa kinazunguka na hela yenyewe ni ya kudunduliza.

Mdogo wangu anamaliza masomo Tokyo mwezi wa tatu mwishoni, mimi na mama tunaenda kwenye mahafali. Viza tumepata juzi alhamdulillah (ubalozini Dar wanataka ratiba ya siku kwa siku, tarehe fulani mnalala wapi, msiende kichwa kichwa). Ndege tunashukia Tokyo tunaondokea Osaka, kupitia Doha. Sasa baada ya mahafali tuna siku nne kabla ya kurudi na mama kashikilia lazima aione Kyoto, aliona picha ya yale mageti mekundu kwenye simu ya jirani basi imekuwa wimbo. Dogo hawezi kutusindikiza, anahama chumba na anaanza kazi tarehe 1 mwezi wa nne, huko nasikia waajiriwa wapya karibu wote wanaanza siku hiyo hiyo.

Nimepata kampuni inapeleka watu kwa vikundi vidogo, hawazidi 12, siku nne usiku tatu. Siku ya kwanza mnatoka Tokyo mnalala Hakone (milimani kwenye maji moto, karibu na mlima Fuji), ya pili treni mpaka Nagoya alafu mnaingia milimani mnatembea kwa mguu kutoka kijiji kinaitwa Magome mpaka Tsumago mnalala huko, ya tatu Kyoto, ya nne nusu siku mnazungushwa Kyoto na mnaagana. Dola 1,190 kwa kichwa, chakula cha mchana juu yako. Dogo anasema tunaibiwa mchana kweupe. Mama anasema bora kuibiwa kuliko kupotea.

Mama ana miaka 63, goti la kulia linamsumbua, ngazi anapanda ila pole pole. Chakula chetu ni halali. Kijapani hatujui hata salamu. Aliyepita njia hiyo anisaidie.

Kondakta_Mstaafu

Dada yangu dogo yuko sahihi asilimia mia. Nimeenda mwaka juzi peke yangu, Kiingereza changu cha kuombea maji, na nimerudi mzima.

Tokyo mpaka Kyoto ni treni ya kasi, Shinkansen, inaitwa Nozomi, masaa mawili na robo umefika. Umbali ni kama Dar Dodoma kwa makadirio, ila SGR yetu mwisho 160 kwa saa na ile inakwenda 285, na hawajaanza jana, hiyo njia ilifunguliwa tarehe 1 Oktoba 1964. Ukichelewa moja unapanda inayofuata, saa za watu wengi Nozomi zinafika hata 12 kwa saa moja, daladala za Mbagala zinasubiri. Nauli kama yen elfu 14 siti ya kubuku. Vibao vyote vina Kiingereza, kwenye pletifomu wamechora mlango wa behewa lako utasimama wapi na unasimama hapo hapo.

Wasije wakakuuzia ile pasi ya treni ya watalii, zamani ilikuwa dili ila Oktoba 2023 ya siku saba ilitoka yen 29,650 ikaruka mpaka 50,000, kwa safari ya upande mmoja hailipi kabisa. Kata tiketi ya kawaida, kaa upande wa kulia, kwenye dakika ya 40 hivi toka Tokyo mlima Fuji unatokea dirishani kama hakuna mawingu. Na nunua chakula stesheni kabla hujapanda, kile kitoroli cha kuuza kahawa na vitafunwa kwenye mabehewa ya kawaida walikitoa tangu 2023, mimi nilikaa na njaa nikikisubiri mpaka Kyoto.

Dola 1,190 mara mbili ni 2,380. Hiyo unaweka bati.

Mzee_wa_Landcruiser

Kondakta umeeleza treni vizuri, ila dada hajauliza habari ya treni. Kauliza habari ya safari.

Mimi naongoza watalii Arusha mwaka wa 14 huu. Mgeni anaelipa hela ndefu kuja Serengeti halipii gari, gari hata yeye angekodi pale mjini. Analipia mtu anaejua duma alionekana wapi jana jioni na leo asubuhi atakuwa kaelekea wapi. Kwahiyo swali la kwanza kwa pakeji yoyote: muongozaji atanifanyia nini ambacho peke yangu nisingekipata? Kwa Tokyo Kyoto moja kwa moja jibu ni hakuna kitu, hata mtoto anafika. Ila pakeji yako haiendi moja kwa moja, inapita katikati, na huko katikati ndo kwenye utamu.

Nimepita njia hiyo hiyo mwezi wa kumi, mgeni wangu wa zamani alinialika, na kampuni nyingine tofauti na yako, tulikuwa watu tisa. Nikueleze siku ya kijijini maana ndo iliyonibaki kichwani. Asubuhi hoteli ya Hakone masanduku yetu makubwa yalikusanywa mapokezi yakatangulia Kyoto, sisi tukabaki na vibegi vya mgongoni vya kulalia. Nagoya tukabadilisha treni, kama dakika 50 mpaka Nakatsugawa, basi dogo linapanda mlima mpaka Magome. Hapo ndo unaanza kutembea, kilomita 8 hivi, msitu wa misonobari mirefu imenyooka kama nguzo za umeme, maji yanalia upande mmoja. Kila baada ya kipande kuna kengele kubwa imetundikwa kwenye nguzo na kibao, unavuta kamba unaipiga kwa nguvu dubu wakusikie waondoke. Mimi mtu wa simba na tembo nilicheka mwanzo, alafu nikaona yule muongozaji wetu, mama mtu mzima mfupi ana kofia ya jua, hapitwi na kengele hata moja, kila ikifika anasimama anaipiga. Kuanzia kengele ya tatu na mimi nikawa naipiga bila kuambiwa. Kazi naijua, muongozaji akiacha kucheka na wewe unaacha.

Huyo mama ndo alinifanya nione thamani. Ile njia inaitwa Nakasendo, zamani ndo watu walikuwa wanatoka Tokyo (ikiitwa Edo) kwenda Kyoto kwa mguu kupitia milimani, vituo 69 vya kulala, na nyingine Tokaido inapita pwani vituo 53, na hiyo Shinkansen ya kondakta inafuata sana ile ya pwani. Pale Hakone kulikuwa na kizuizi tangu 1619, askari wanakagua hasa wanawake wanaotoka Edo, kwasababu wake za mabwana wakubwa waliwekwa mjini kama dhamana ili waume zao huko mikoani wasilete uasi. Akatusimamisha mbele ya kile kizuizi, kimejengwa upya, akatueleza mwanamke alikuwa anakaguliwa mpaka nywele. Peke yako ungepita ukapiga selfi ukaenda ziwani.

Katikati ya njia kuna nyumba ya chai ya mbao, mzee kakaa na birika juu ya moto wa kuni sakafuni, anakupa chai bure. Tulikaa pale nusu saa. Alafu Tsumago kwenyewe mchana magari hayaruhusiwi mtaa mkuu, nyaya za umeme wamezificha, wenyeji walikubaliana toka zamani nyumba haiuzwi, haikodishwi, haibomolewi. Saa kumi na moja wageni wa mchana wameondoka mnabaki nyinyi mnaolala na taa za karatasi. Nimelala kambi nyingi lakini ukimya ule sikuwahi kuusikia.

Sasa ubaya. Fuji hatukuiona, Hakone ilikuwa ukungu tupu kama Ngorongoro asubuhi ya mwezi wa sita, ile kebo ya kupita juu ya bonde linalotoa moshi wa kiberiti ilikuwa imefungwa siku hiyo, na pesa hairudi. Na Kyoto "nusu siku na muongozaji" ilikuwa masaa matatu kasoro, moja kati ya hayo tuko kwenye duka la visu. Duka la visu! Mimi napeleka wageni kwa wachonga vinyago najua kamisheni inavyotembea, sikuuliza kitu.

Dada, swali langu kwako ni moja tu na uwaulize kabla hujalipa. Kilomita 8 za mlima na goti la mama. Magome kwenda Tsumago kidogo ni nafuu maana mwisho unateremka, ila mwanzoni kuna kupanda mpaka mita kama 800 toka usawa wa bahari, na kwenye goti bovu kuteremka ndo kubaya zaidi. Basi la kutoka Magome mpaka Tsumago lipo, machache kwa siku. Lakini muongozaji ni mmoja. Akitembea na kundi, mama anabaki na nani?

NyangumiWaMombasa

Nyinyi watu wa TZ mnapenda kulipa. Kuna bus ya usiku, unalala Tokyo unaamka Kyoto, masaa kama nane, bei hata nusu ya hiyo Shinkansen haifiki. Na umeokoa pesa ya hoteli ya usiku mmoja. Simple.

Kondakta_Mstaafu

Nyangumi mama wa watu ana goti, masaa nane amekunja mguu atashuka Kyoto kwa machela

NyangumiWaMombasa

Sawa, sikuona ya goti. Pole kwa mama. Lakini bus iko.

Ukhti_Muscat

Asalaam alaykum. Mimi mzaliwa wa Wete naishi Muscat, tulikwenda na mume wangu na kundi mwaka wa jana, njia hiyo ya Hakone ila sisi hatukupita milimani. Nitasema ya chakula na ya maji, mengine wamesema.

Chakula: kampuni yetu fomu yao ina sehemu ya kujaza, tukajaza Waislamu, wakajibu hamna neno tumeelewa. Kufika pale hoteli ya kienyeji usiku wa kwanza, vibakuli kumi na mbili kila mtu, vidogo vidogo, vimepangwa utasema vipuli vya saa. Nguruwe kweli hamna. Lakini nusu ya vile vitu vimepikwa na mvinyo wa mchele, wao hawahisabu kuwa ni pombe, kwao ni kiungo kama sisi na ndimu. Binti anaetuhudumia akapiga magoti kuomba radhi mpaka mimi ndo nikaona haya. Tukala wali, yai, samaki wa kuchoma kwa chumvi, na matunda. Kosa si la yule binti, kampuni ilimwambia "hawali nguruwe" ikanyamaza. Kwahiyo andika mwenyewe, kwa maneno kamili, nguruwe hapana, pombe ya kupikia hapana, nyama isiyochinjwa kihalali hapana, samaki ndio yai ndio, na iwafikie siku kadhaa kabla, kwasababu zile hoteli menyu inapangwa mapema, ukisema mezani umeshachelewa. Na jifunze kuitambua herufi hii 豚, ni nguruwe, na hii 酒, ni pombe, ukiona kwenye paketi rudisha kwenye rafu. Habari ya mchuzi wa soya na ile chembe ya pombe inayojitokeza yenyewe, hapo kila mtu na shekhe wake, siingii.

Tokyo hamtopata tabu, kuna msikiti mkubwa wa kituruki Yoyogi-Uehara, mzuri mashallah, mpelekee mama. Kyoto pia msikiti upo na mikahawa ya halali ipo. Njaa inakuja hapo katikati, Hakone na vijijini.

Ya maji: mama ataambiwa akaoge kwenye bwawa la maji moto. Wanawake mbali wanaume mbali, lakini huko ndani ni uchi kabisa, nguo hata ya kuogelea hairuhusiwi. Mimi sikuingia. Hoteli nyingi zina bafu dogo la kukodi faragha kwa dakika 45 au saa, uliza wakati wa kubuku, unafunga mlango mnaingia wewe na mama, na kwa lile goti ni dawa wallahi, asilikose. Na lile kanzu la pamba wanalokupa kuvaa hotelini, upande wa kushoto uje juu ya wa kulia. Ukifunga kinyume ndivyo wanavyovishwa maiti. Mume wangu alivuka ukumbi mzima wa chakula kavaa kimaiti, hakuna aliyemwambia, wanainama tu.

BintiPangani

Jamani nimecheka hiyo ya maiti mpaka mama kaniuliza nina nini. Ahsanteni sana wote.

Mzee wa Landcruiser swali lako nimewaandikia jana usiku kama lilivyo. Wamejibu leo, wastaarabu sana: mama atapandishwa basi Magome, atashuka Tsumago, atasubiri kwenye nyumba ya chai, kundi litamkuta baada ya masaa matatu hivi. Punguzo la bei hamna kwasababu "kiti chake kimehesabiwa". Nikamsomea mama. Akanyamaza kidogo akasema, yaani nilipe dola elfu na mia mbili nikakae kijiweni?

Nikamwambia basi na mimi nitapanda basi nikae nae. Akasema kwahiyo tutakaa kijiweni wawili.

Kondakta_Mstaafu

Mama kamaliza kesi 😂

Ila niwe mkweli, mzee wa Landcruiser kanifanya nifikirie. Mimi hiyo Hakone nilitaka kwenda mwenyewe, nikaingia stesheni ya Tokyo nikapanda Nozomi maana ndo iliyokuwa mbele yangu. Hakone unashukia Odawara, na Nozomi haisimami Odawara, zinazosimama hapo ni Shinkansen nyingine, Kodama na Hikari chache. Nikaona kibao cha Odawara kinapita dirishani fyuu. Baada ya Yokohama haisimami tena mpaka Nagoya, zaidi ya saa nzima nimekaa natizama mashamba ya chai. Sikuiona Hakone mpaka leo. Sikuiandika juu pale kwasababu ingeharibu hoja.

Mswahili_Nagoya

Nimeona mnaitaja Nagoya kama mahali pa kubadilishia treni na roho imeniuma, mimi ndo naishi hapa mwaka wa nne, nasoma.

Da Binti, ukiiacha pakeji usikimbilie kwenda moja kwa moja Kyoto. Nagoya iko njiani, kila Nozomi inasimama, saa moja na dakika 40 kutoka Tokyo, na kutoka hapa Kyoto ni dakika 35 tu. Shukeni hapa asubuhi mkae mpaka jioni au mlale usiku mmoja. Kuna makumbusho ya Toyota, sio shoorumu, makumbusho, kwenye kiwanda chao cha zamani cha matofali mekundu, kituo kimoja cha treni ya Meitetsu kutoka stesheni kuu, mnashukia Sako mnatembea dakika chache. Tambarare, lifti zipo, viti vya magurudumu wanaazima, Jumatatu wanafunga. Nusu ya jengo hakuna gari hata moja, ni mashine za kufumia nguo, kwasababu mzee Sakichi Toyoda alianza na mashine za kufuma, moja yenye sifa ya 1924 uzi ukikatika inajizima yenyewe, haki ya kuitengeneza wakawauzia Waingereza 1929, na hela na moyo wa kujaribu vikamfikia mwanae Kiichiro akaanza magari, kampuni ya magari ikasajiliwa 1937. Wafanyakazi wanaziwasha zile mashine mbele yako, pamba inaingia huku uzi unatokea kule. Upande wa pili unaona gari linavyozaliwa, roboti zinachomelea zenyewe. Kila Mtanzania niliyempeleka pale anasimama mbele ya injini anataja bei ya spea Kariakoo.

Mizigo: nendeni mapokezi ya hoteli Tokyo muwaambie takkyubin, wanajua. Sanduku linachukuliwa leo kesho liko hoteli ya Kyoto, la kwangu kubwa lilinigharimu kama yen 2,500. Mkitaka kwenda nalo kwenye treni, jumlisha urefu upana na kina, likizidi sentimita 160 lazima ubuku siti yenye nafasi ya nyuma, usipobuku ni faini yen 1,000. Masanduku mengi ya ndege ni 158, wamewapimia kabisa.

Kyoto ndo mahali pa kutafuta muongozaji, sio njiani. Wa kwenu wawili, nusu siku, mwenye kasi ya mama. Tangu 2018 sheria ilibadilika mtu yeyote anaweza kuongoza watalii kwa malipo bila leseni, wenye leseni ya taifa wapo bado, kwahiyo muulize kama anayo. Na mwambie habari ya ngazi. Yale mageti mekundu anayoimba mama ni Fushimi Inari, yanapanda mlima mzima, ila yaliyosongamana ya kwenye picha yako huku chini mwanzoni, ngazi chache tu, hapana haja ya kufika juu. Hakuna kiingilio, iko wazi masaa 24. Nendeni saa kumi na mbili na nusu asubuhi, saa nne pale ni Kariakoo sikukuu, na mwezi wa tatu mwishoni maua ya sakura yameanza, dunia nzima imehamia Kyoto. Kwa hiyo hoteli bukuni leo, sio kesho.

Mzee_wa_Landcruiser

Nakubaliana na kijana wa Nagoya hasa hapo kwa muongozaji. Mama akichoka anasema "tukae hapa" na mnakaa. Kwenye kundi la watu 12 anayechoka anaona aibu, anajikaza, jioni goti limevimba. Nimeliona hilo mara nyingi kwenye kazi, mgeni anakuficha mpaka siku ya mwisho.

Ila Binti, wewe siku ukirudi mwenyewe bila mama, fika Tsumago ulale. Usipitie picha tu.

BintiPangani

Basi nimeelewa. Kundi tumeliacha. Usiku wa kwanza baada ya mahafali tunabaki Tokyo, kesho yake asubuhi Nagoya tunalala moja, alafu Kyoto tunalala mbili, ndege Osaka. Muongozaji wa Kyoto dogo anamtafuta kwa watu wake wa chuo. Maji moto Ukhti nimeyapata, hoteli ya pili Kyoto ina bafu la faragha, nimeshaandika na barua ya chakula neno kwa neno kama ulivyosema.

Kilichoamua ni makumbusho jamani. Marehemu baba alikuwa fundi Tanga, barabara ya 11, miaka 30 anafungua injini za Toyota tu, mama alikuwa anampelekea chakula gereji. Nilipomsomea ile ya mashine za kufuma kaniambia rudia. Nikarudia. Akasema baba yenu angekataa, angesema Toyota haijawahi kushona nguo.

Swali la mwisho alafu nawaacha: kwenye kubuku siti naona herufi A mpaka E. Upande wa Fuji ni upi?

Kondakta_Mstaafu

Upande wa bahari ni A, B, C, watu watatu. Upande wa Fuji ni D na E, wawili tu. Buku D na E, mama mpe E ya dirishani. Na angalia vizuri safari hii ubao uwe umeandikwa inasimama wapi, ila kwa Nagoya hata ukipanda kwa kukosea unafika.

Mswahili_Nagoya

Mkifika mniandikie hapa inbox, nitawapokea Sako. Nataka nimsikie mama akitaja bei ya spea.